Saini ya Robert Bolt

Septemba 1961, Robert Bolt alikuwa gerezani Uingereza kwa sababu alikuwa amekataa kuweka saini kwenye karatasi. Karatasi yenyewe ilimtaka aahidi kudumisha amani, maana yake asishiriki maandamano ya kupinga silaha za nyuklia ambayo yeye na wenzake walikuwa wakiyaandaa. Mahakama ya Bow Street, London, iliwapa njia mbili: saini uende nyumbani, kataa uende ndani. Zaidi ya watu thelathini walikataa. Mmoja wao alikuwa mwanafalsafa Bertrand Russell, mzee wa miaka 89. Bolt alifungwa mwezi mmoja. Baada ya wiki mbili hivi akaweka saini, akatoka.

Ukiishia hapo, hii ni habari ya kawaida. Watu husaini kila siku ili watoke mahali. Kinachonizuia kuiacha ni kwamba mwaka mmoja tu kabla ya hapo, Bolt huyu huyu alikuwa amewaonyesha watu wa London tamthilia kuhusu mtu aliyekubali kukatwa kichwa badala ya kula kiapo kimoja. Tamthilia hiyo, A Man for All Seasons, ndiyo iliyompa jina.

Nilimjua Bolt kwa njia ambayo sijivunii. Niliacha chuo kikuu nikiwa mwaka wa tatu, na tangu hapo najikimu kwa kuandika. Baadhi ya ninayoandika yana jina langu, kama haya. Mengine, na ndiyo yanayolipa kodi ya nyumba, ni insha za wanafunzi wa ng'ambo. Vijana wengi wa Nairobi wanaijua hii kazi. Swali linaingia jioni, unatakiwa ulimalize kabla ya asubuhi, unalipwa kwa ukurasa, na jina linalokaa juu ni la mtu ambaye hutawahi kumwona. Usiku mmoja nikapewa kurasa sita: je, Thomas More wa Robert Bolt ni shujaa au ni mkaidi tu? Nikatafuta filamu, nikaitazama kwenye laptopu, stima ikapotea mara mbili, na kufikia saa tisa usiku nilikuwa nimesahau kabisa kwamba natakiwa kuandika. Nilikuwa nimekaa tu, nikiwaza karatasi nyingine, ya kwangu mimi. Nitaifikia.

Kwanza huyu Bolt. Alizaliwa 1924 huko Sale, karibu na Manchester, babake akiwa mwenye duka. Ujanani alikuwa mwanachama wa chama cha kikomunisti, baadaye akatoka. Wakati wa vita vya pili vya dunia alitumika jeshini, pamoja na muda fulani Afrika Magharibi. Vita vilipoisha akamaliza masomo, akawa mwalimu wa Kiingereza. Miaka ya 1950 alifundisha katika shule ya Millfield, na muda wake wa ziada akautumia kuandika michezo ya redio. Mchezo wa Thomas More aliuandika kwanza kwa ajili ya redio ya BBC mwaka 1954. Ukapita kwenye runinga 1957, na 1960 ukapanda jukwaani London, Paul Scofield akiigiza More. Hapo mwalimu akawa mtu maarufu.

More mwenyewe hakubuniwa. Alikuwa Mkuu wa Sheria wa Mfalme Henry wa Nane, cheo kikubwa kushinda vingi. Mfalme alitaka kumwacha mkewe amwoe Anne Boleyn, Papa akakataa, mfalme akajitenga na Papa. Mwaka 1534 watu wa Uingereza wakatakiwa kuapa kwamba wanautambua urithi wa ndoa mpya, na maneno ya kiapo yalimgusa Papa pia. Karibu kila mwenye cheo aliapa. More hakuapa. Hakupiga kelele, hakuandamana, hata hakusema kwa nini. Alinyamaza tu, akitumaini kwamba sheria haiwezi kumhukumu mtu kwa kunyamaza. Alikaa katika Mnara wa London zaidi ya mwaka mmoja, akahukumiwa kwa ushahidi wa mtu mmoja aitwaye Richard Rich, na tarehe 6 Julai 1535 wakamkata kichwa.

Kilichomvutia Bolt, ambaye hakuwa mtu wa kanisa, hakikuwa imani ya More. Alimwona kama mtu aliyejua mipaka yake. Unaweza kumsukuma More hapa na pale, akacheka, akakubali, akarudi nyuma, kwa sababu hakuwa akitafuta kifo. Lakini kulikuwa na sehemu moja ndani yake ambayo ukiigusa hasogei tena. Bolt aliamini kwamba mtu anapoapa anajiweka rehani yeye mwenyewe. Akiapa uongo, hakuna tena wa kurudi kuikomboa ile rehani.

Sasa rudi gerezani. Aliyemfuata Bolt huko alikuwa Sam Spiegel, mtayarishaji wa filamu. Bolt alikuwa ameajiriwa kuandika Lawrence of Arabia, filamu ya David Lean kuhusu afisa Mwingereza aliyepigana pamoja na Waarabu jangwani wakati wa vita vya kwanza vya dunia. Upigaji wa filamu ulikuwa umeanza Jordan mwezi Mei mwaka huo, na mswada ulikuwa haujaisha. Spiegel alimweleza Bolt kwamba asipotoka kumaliza kazi, filamu itakwama, pesa zitapotea, na watu wengi watakosa ajira. Wewe unakaa humu na dhamiri yako safi, nao wanarudi nyumbani mikono mitupu.

Nimejaribu kuipuuza hoja hiyo nikashindwa. Hoja ya mabavu ni rahisi kuijibu. Hoja ya tumbo la mwenzio ni ngumu. More naye alipewa ya namna hiyo: mke, binti, nyumba inayoanguka. Mtu anayekataa kusaini hakatai peke yake, hata akidhani yuko peke yake. Kuna mtu mahali fulani anayelipia ukataaji huo bila kuulizwa.

Bolt akasaini. Na alijuta. Alijuta kiasi kwamba uhusiano wake na Spiegel uliharibika, na ile saini ilimuuma kwa miaka mingi. Russell, mzee wa miaka 89, alikuwa ameenda ndani na kumaliza siku zake. Mwandishi wa Thomas More alikuwa ametoka kabla ya wakati.

Na karatasi yangu? Nilipokuwa mwaka wa tatu, wanafunzi wa chuo chetu waligoma. Mambo yalianza na karo, yakaishia kwa mawe na vioo. Chuo kikafungwa. Kilipofunguliwa, kila mwanafunzi alitakiwa kusaini barua kabla ya kusajiliwa tena. Barua ilisema mambo matatu: kwamba nilishiriki katika vurugu, kwamba naomba msamaha, kwamba sitashiriki tena. Halafu kulikuwa na faini ya kulipia uharibifu. Siku ya mawe mimi nilikuwa nimelala chumbani na homa. Sikurusha hata kokoto.

Rafiki yangu tuliyekuwa tukilala naye chumba kimoja hakurusha pia. Alisaini. Alisimama kwenye foleni asubuhi moja, akaweka jina lake chini ya uongo, akalipa, akarudi darasani. Leo ni mwalimu wa hesabu, na ndugu zake wawili wanasoma kwa mshahara wake. Mimi sikusaini. Nilibeba mkoba wangu nikapanda matatu ya nyumbani.

Hii hadithi nimeisimulia mara nyingi. Nimeisimulia kwenye vibanda vya chai, kwenye vikao vya waandishi, kwa wasichana niliotaka wanipende. Huwa naimaliza kwa kusema: singeweza kukiri kosa ambalo sikulifanya. Watu hutikisa kichwa kwa heshima. Mamangu huisimulia kwenye chama chao cha akina mama, kwamba mwanawe ni mtu asiyeweza kununuliwa.

Yote niliyosema hapo juu ni kweli. Kuna jambo moja tu ambalo huwa siliongezi. Nilikuwa na deni la karo la mihula miwili. Hata ningesaini ile barua mara kumi kwa damu, nisingesajiliwa. Pesa hazikuwepo. Mama alikuwa ameshauza alichoweza kuuza, na nilijua kwamba nikimwambia nimefukuzwa na deni, atajilaumu hadi kaburini. Nikamwambia nimekataa kusaini. Akalia kidogo, kisha akaniambia anajivunia. Siku hiyo nilijiona nimempa zawadi.

Ndiyo maana ile filamu ilinikeresha. Kila More aliposema hapana, nilikuwa nikipiga hesabu: huyu alikuwa na cheo, akakiachilia. Alikuwa na nyumba, akaipoteza. Alikuwa na kichwa, kikaanguka. Mimi nilikataa mlango ambao tayari ulikuwa umefungwa. Mtu akikataa asichopewa, huo ni ujasiri gani?

Bolt aliposaini, angalau alikuwa na kitu mkononi. Angeweza kumaliza ule mwezi. Alijua bei pande zote mbili, akachagua, na baadaye hakujitafutia hadithi tamu ya kujifunika. Angeweza kusema kwamba aliokoa ajira za watu, na ingekuwa nusu ya kweli. Angeweza kusema sanaa ni kubwa kuliko maandamano, na wengi wangempigia makofi, maana Lawrence of Arabia ilitoka Desemba 1962 ikashinda tuzo saba za Oscar. Aliona aibu, akakubali kwamba ni aibu. Nikilinganisha, yeye aliyesaini alikuwa mkweli kunishinda mimi ambaye sikusaini.

Lakini nisimpambe pia. Ndani ya Lawrence of Arabia kuna mtu mwingine, na kumtaja kunamharibia Bolt sura. Kabla ya Bolt kuajiriwa, mswada ulikuwa umeandikwa na Mmarekani, Michael Wilson. Mwaka 1951 Wilson aliitwa mbele ya kamati ya Bunge la Marekani iliyokuwa ikiwasaka wakomunisti, na akakataa kushirikiana nayo. Akawekwa kwenye orodha nyeusi. Mwaka uliofuata alipata Oscar kwa kazi aliyokuwa ameshaifanya, lakini milango ya Hollywood ikafungwa. Akahamia Ufaransa, akaendelea kuandika bila jina. The Bridge on the River Kwai ya 1957, ambayo pia ilitayarishwa na Spiegel na kuongozwa na Lean, iliandikwa na Wilson pamoja na Carl Foreman, naye akiwa kwenye orodha ile ile. Oscar ya mswada akapewa Pierre Boulle, Mfaransa aliyeandika riwaya lakini si mswada.

Lawrence ilipotoka, jina la mwandishi lilikuwa moja: Robert Bolt. Wilson akalalamika. Bolt akasisitiza kwamba kazi ni yake. Chama cha waandishi cha Uingereza kiliangalia, kikaona Wilson anastahili kutambuliwa pamoja naye. Hata hivyo kwenye rekodi za Oscar jina la Wilson liliwekwa 1995 tu, miaka 17 baada ya kifo chake. Mwaka huo huo, mwezi Februari, Bolt naye alifariki.

Hebu tazama hao wawili. Mmoja alikataa kutaja watu, akapoteza jina. Mwingine alisaini ili atoke akamalize filamu, na filamu ikaja na jina lake peke yake juu ya kazi ambayo yule wa kwanza alikuwa ameianzisha. Kama kuna Thomas More katika habari hii, hayuko gereza la Staffordshire. Yuko Ufaransa, anaandika kwa siri ili alipe kodi ya nyumba.

Hapo nilisimamisha filamu nikacheka peke yangu kama mwendawazimu, kwa sababu na mimi nilikuwa naandika kwa siri ili nilipe kodi ya nyumba. Ila Wilson alinyang'anywa jina kwa kuwa hakukubali kusema. Mimi nimelikodisha langu kwa dola kadhaa kwa ukurasa. Kila nikipokea kazi mpya nabonyeza kwamba nimekubali masharti, na sharti la kwanza ni kwamba sitadai kamwe kuwa niliyeandika ni mimi. Nimebonyeza hivyo mara mamia. Mtu asiyesaini uongo!

Ukiwa Mkenya, habari ya viapo na karatasi haiwezi kubaki ya Uingereza tu. Mwaka ule ule wa 1954, redio ya Waingereza ilipopeperusha mchezo kuhusu mtu aliyeuawa kwa sababu ya kiapo, serikali yao hapa Nairobi ilifanya msako mkubwa ulioitwa Operation Anvil, ikakusanya maelfu ya Wakikuyu, Waembu na Wameru na kuwatupa kambini. Waliotaka kutoka walitakiwa kukiri kwamba walikula kiapo cha Mau Mau, na kukikana. Aliyekiri alisogezwa kambi yenye nafuu, hatua kwa hatua hadi nyumbani. Aliyekataa alipelekwa kwenye kambi ngumu zaidi. Machi 1959 huko Hola, watu 11 waliokataa kufanya kazi ya kulazimishwa walipigwa hadi kufa.

Siwalinganishi na Bolt, wala na mimi na barua yangu. Nawataja kwa sababu katika vijiji vingi vya Mlima Kenya, waliokiri na waliokataa walirudi wakaishi ua kwa ua. Walizeeka pamoja. Baadhi ya waliokiri walikiri kiapo ambacho hawakukila, ili tu wakawaone watoto wao. Nani aketi leo, akiwa ameshiba, awapige mhuri: huyu shujaa, huyu msaliti? Mimi siwezi. Na kama siwezi kwao, nilipata wapi ujasiri wa kumtazama rafiki yangu wa chumba, miaka yote hii, kama mtu aliyejishusha?

Maana nilifanya hivyo. Sikuwahi kumwambia kwa mdomo, ila kila nikisimulia hadithi yangu naye akiwepo, alikuwa sehemu ya hadithi. Alikuwa yule aliyesaini.

Katika tamthilia ya Bolt, ile ya jukwaani, kuna mhusika anayeitwa Mtu wa Kawaida. Anabadilisha kofia tu: mara mtumishi, mara mwenye mashua, mara mlinzi wa gereza, mwishowe mkata kichwa. Si mbaya. Anataka tu kuishi, na kila hatua ana sababu yenye akili. Bolt alimwandika kabla ya kufungwa. Filamu ya 1966, aliyoiandika baada ya kutoka, haina mhusika huyo. Najua filamu na jukwaa ni vitu viwili tofauti, na sababu za kumwondoa zinaweza kuwa za kiufundi tu. Ila mimi, nikiwa nimekaa hapo saa tisa usiku, nilimtafuta kwenye filamu nikamkosa, halafu nikamwona kwenye kioo cheusi cha laptopu stima ilipopotea.

Filamu hiyo ilimpa Bolt Oscar yake ya pili, baada ya ile ya Doctor Zhivago. Watu huuliza kama ni unafiki, mtu aliyesaini kuandika tena habari ya mtu aliyekataa. Nadhani kabla ya 1961 alimwandika More kama mtu anayemstahi. Baada ya hapo alijua uzito wa ile kalamu mkononi. Mwaka 1979 alipata kiharusi kilichomwondolea usemi na kupoozesha upande mmoja wa mwili. Akajifunza upya kusema na kuandika. Mwaka 1986 ikatoka The Mission, filamu aliyoiandika kuhusu mapadre wa Amerika Kusini wanaoamriwa kuwaacha watu wao na wanakataa. Ni swali lile lile. Hakuacha kulirudia.

Kwa hiyo nikiulizwa kama kusaini uongo ni kosa, nitasema ndiyo, ni kosa, na kuna siku ambapo mtu mwema hulifanya. Lakini kuna kosa jingine ambalo halihitaji kalamu, nalo ni kujipa heshima ya kukataa wakati hukuwa na cha kukubali. Aliyesaini anajua alichofanya, na karatasi ipo. Huyu mwingine anaweza kuishi miaka hamsini akisifiwa, na hakuna hati itakayomfichua. Lazima ajifichue mwenyewe.

Ile insha ya mteja niliimaliza saa kumi na mbili kasoro. Niliandika kwamba More ni shujaa, kwa sababu alama hupatikana hivyo. Nikalipwa.

Jioni yake nikampigia rafiki yangu. Alikuwa anasahihisha mitihani, nikasikia karatasi zikigeuzwa. Nikamwambia kuna kitu nataka kukwambia kuhusu ile barua ya chuo. Nikamweleza habari ya deni, yote. Akanyamaza kidogo.

"Buda," akasema, "si tulikuwa chumba kimoja? Zile barua za karo zilikuwa zinaingia chini ya mlango. Nani unadhani alikuwa anaziokota?"

Miaka sita alikuwa anajua. Ameketi kwenye vikao nikimsimulia kama mfano wa mtu aliyeinama, akanywa chai yake, akanyamaza. Nilitaka kumwomba msamaha, maneno yakakwama, nikasema tu, "Pole, ndugu yangu."

"Hakuna noma," akasema. Karatasi zikageuka tena. "Na mathe anajua?"

Sikumjibu. Jumamosi naenda nyumbani.